Arusha na kurudi kwa siku moja: Usiidharau safari hii

Likizo zinapokaribia, vyama vya akina mama, vikundi vya makanisa, wafanyakazi wa ofisi moja na hata majirani wa mtaa mmoja huanza kuchanga pesa za matembezi. Mojawapo ya safari zinazopendwa sana na wakazi wa Nairobi ni ile ya kuvuka mpaka wa Namanga hadi Arusha, Tanzania, na kurudi siku hiyo hiyo. Basi huondoka jijini yapata saa kumi alfajiri, likapita Kitengela, Isinya, Kajiado na Bissil, likavuka mpaka, likapita Longido na kuingia Arusha asubuhi jua likiwa limepanda. Wasafiri huongozwa kwenda kuutazama Mnara wa Saa, makumbusho ya Azimio la Arusha lililotangazwa mwaka wa 1967, au wanyama walio katika mbuga iliyo chini ya Mlima Meru. Jioni basi hugeuza, na usiku wa manane watu wako vitandani mwao.

Ni safari nzuri, na nia yangu si kumtia mtu woga. Hata hivyo, kwa kuwa hakuna kulala huko, wengi huichukulia kama kwenda Naivasha kula samaki. Mtu hatayarishi dawa zake, haulizi habari za chanjo, wala hamwambii daktari wake kwamba anasafiri. Huo ndio ubaya wenyewe. Mwili hauhesabu malazi. Huhesabu saa ulizokaa kitini, maji uliyokunywa, usingizi ulioukosa na mbu waliokuuma. Nao maafisa wa afya walioko mpakani hawaulizi kama utalala Arusha au utarudi jioni. Kwao wewe ni msafiri anayetoka nchi moja kuingia nchi nyingine, basi.

Hebu tuyaangalie mambo haya moja baada ya jingine, tangu siku za matayarisho hadi majuma yanayofuata baada ya kurudi.

Kadi ya manjano haitafutwi mpakani

Tanzania huwataka wasafiri wanaotoka katika nchi zenye hatari ya homa ya manjano, Kenya ikiwa mojawapo, waonyeshe cheti cha kimataifa cha chanjo ya ugonjwa huo. Cheti hicho ndicho wengi wanachokiita kadi ya manjano. Wapo wanaodhani kwamba sharti hili ni njia tu ya kuwasumbua wasafiri. Sivyo. Homa ya manjano huletwa na virusi vinavyosambazwa na mbu, na Kenya imewahi kupatwa nayo zaidi ya mara moja. Mapema miaka ya 1990 ilizuka katika Bonde la Ufa, na mwaka wa 2022 serikali ilitangaza mkurupuko katika kaunti ya Isiolo.

Mtu aliyeambukizwa huanza kuugua baada ya siku 3 hadi 6. Huwa na homa, maumivu ya kichwa na ya mgongo, na kutapika. Wengi hupata nafuu. Wachache hupata nafuu ya muda mfupi, kisha homa ikarudi kwa nguvu, macho yakageuka manjano na damu ikaanza kutoka. Kati ya hao wachache, takriban nusu hufariki. Hakuna dawa inayoviua virusi hivyo. Kilichopo ni chanjo, ambayo ilitengenezwa miaka ya 1930 na bado ni miongoni mwa chanjo bora tulizo nazo.

Hapa pana mambo matatu ya kukumbuka. La kwanza ni kwamba cheti huanza kutambulika siku 10 baada ya kuchanjwa, kwa sababu mwili unahitaji muda huo kujijengea kinga. Mtu anayechanjwa Alhamisi ili asafiri Jumamosi amechelewa. La pili ni kwamba tangu Julai 2016, cheti hicho hutumika maisha yako yote. Ukiwa na cheti cha zamani kilichoandikwa kwamba kitaisha baada ya miaka 10, bado ni halali, mradi kiwe kilitolewa kwa njia inayofaa. Kitafute kabatini kabla ya kwenda kuchanjwa tena.

La tatu ndilo muhimu zaidi. Chanjo hii ina virusi hai vilivyopunguzwa nguvu, kwa hivyo haimfai kila mtu. Hawapewi watoto wachanga, watu waliowahi kudhurika vibaya kwa kula mayai, wala wale ambao kinga yao imedhoofishwa na ugonjwa au na dawa, kwa mfano dawa za kutibu saratani. Mama mja mzito, mama anayenyonyesha mtoto mchanga, mtu anayeishi na virusi vya Ukimwi, na mzee aliyepita umri wa miaka 60 anayechanjwa kwa mara ya kwanza, wote hao yafaa wazungumze na daktari kwanza. Daktari akiona kwamba chanjo itakudhuru, atakuandikia barua ya kueleza hivyo, nawe uliza mapema kama itakubaliwa huko uendako.

Sasa fikiria yule anayenunua kadi kutoka kwa mtu wa vichochoroni, au anayekubali kudungwa sindano kando ya barabara na mtu asiyemjua ili tu apate muhuri. Aliyenunua kadi bila kuchanjwa amebeba karatasi isiyoweza kumkinga na mbu hata mmoja, na zaidi ya hayo amevunja sheria. Aliyedungwa na mtu asiyemuuliza swali lolote la afya huenda akawa ni yule ambaye hakupaswa kuchanjwa kabisa. Nenda katika kituo kilichoidhinishwa na serikali, uulizwe maswali, ujibu kwa ukweli, uchanjwe na uandikiwe tarehe.

Miguu iliyokaa kutwa

Kutoka Nairobi hadi Arusha ni yapata kilomita 270. Ukijumlisha muda wa mpakani, safari ni ya saa 5 au zaidi kwenda na saa nyingine kama hizo kurudi. Hivyo basi, kwa siku moja umekaa kitini saa 10 au hata 12. Wengi wanajua habari za damu kuganda miguuni kwa wanaopanda ndege kwenda Ulaya. Wachache wanajua kwamba kiti cha basi hakina tofauti.

Jambo hili si geni. Mwaka wa 1940, London iliposhambuliwa kwa mabomu, watu walilala usiku kucha wakiwa wamekaa vitini katika mahandaki ya kujificha. Daktari mmoja Mwingereza, Keith Simpson, aliandika kuhusu watu waliokufa ghafla baada ya kukaa hivyo, na sababu ilikuwa madonge ya damu yaliyotoka miguuni yakaziba mishipa ya mapafu. Mnamo 2007 Shirika la Afya Duniani lilieleza kwamba hatari ya kupata donge la damu huongezeka takriban mara mbili kwa mtu anayesafiri saa 4 au zaidi akiwa amekaa, iwe ni kwa ndege, gari moshi, basi au gari dogo.

Sababu yake ni rahisi kuelewa. Damu iliyoko miguuni hupanda kurudi moyoni kwa kusukumwa na misuli, hasa ile ya shavu la mguu. Unapotembea, misuli hiyo hukaza na kulegea, ikaisukuma damu juu. Unapokaa kwa muda mrefu magoti yakiwa yamekunjwa, damu hutuama. Ikiwa hukunywa maji ya kutosha, hali huzidi kuwa mbaya. Damu iliyotuama inaweza kuganda.

Kwa mtu mwenye afya njema hatari hii ni ndogo. Lakini wako ambao kwao ni kubwa zaidi: aliyewahi kupata donge la damu, aliyefanyiwa upasuaji majuma machache yaliyopita, mja mzito na mama aliyejifungua karibuni, mwanamke anayetumia tembe za kupanga uzazi zenye homoni ya estrojeni, mgonjwa wa saratani, na mtu mnene kupita kiasi. Ikiwa wewe ni mmoja wa hao, muone daktari kabla ya kulipa nauli. Huenda akakushauri uvae soksi maalumu za kubana miguu, au uiahirishe safari. Usijinunulie aspirini kwa kusikia tu kwamba inafanya damu kuwa nyepesi. Aspirini ina madhara yake, hasa kwa wenye vidonda vya tumbo, na haipendekezwi kwa kazi hii.

Kwa wengine wote kinga haina gharama. Kila baada ya nusu saa, inua visigino vyako huku vidole vikiwa sakafuni, kisha inua vidole visigino vikiwa chini, mara 20 hivi. Usiweke mzigo mahali pa miguu. Basi linaposimama, shuka utembee, hata kama huna haja ya kwenda msalani. Foleni ya mpakani ambayo wasafiri huilalamikia ni dawa kwa miguu yao. Tembea huku na huku wakati unaposubiri.

Miguu yote miwili ikivimba kidogo jioni na kurudi hali yake asubuhi, usiwe na wasiwasi. Lakini mguu mmoja ukivimba, ukauma kwenye shavu na kuwa na joto, nenda hospitalini siku hiyo hiyo. Ukishindwa kupumua vizuri, ukapata maumivu makali ya kifua au ukakohoa damu, usingoje kupambazuke. Dalili hizo zinaweza kuanza siku kadhaa au majuma machache baada ya safari, na kwa sababu hiyo wengi hawazihusishi na lile basi.

Maji na msala

Akina mama wengi huniambia kwamba siku ya safari hawanywi chochote ili wasije wakalazimika kumwomba dereva asimame. Nawaelewa. Vyoo vya njiani havipendezi, na kusimamisha basi lililojaa watu kunaaibisha. Lakini kukaa na kiu kutwa kunaleta kichwa kuuma, kizunguzungu, choo kigumu na, kama tulivyoona, kunachangia damu kuganda. Isitoshe, kuzuia mkojo kwa muda mrefu huwapa vijidudu nafasi ya kuzaana katika kibofu, na mwanamke hupatwa na maambukizi ya njia ya mkojo kwa urahisi kuliko mwanamume.

Dawa yake ni kupanga. Kabla ya kuondoka, mwongozaji awatangazie wasafiri kwamba gari litasimama kila baada ya saa 2, na mahali penyewe pajulikane. Hapo hakuna atakayeona haya. Kunywa maji kidogo kidogo njia nzima badala ya kunywa chupa nzima kwa mara moja. Punguza chai na kahawa nyingi, na pombe uiache kabisa. Beba karatasi za msalani na sabuni au dawa ya kusafishia mikono, maana si kila mahali utavipata.

Dawa zako zikae nawe

Chukua mfano wa mama wa miaka 55 mwenye shinikizo la damu na kisukari. Saa tisa usiku ameamka, akaoga na kukimbilia kituoni bila kula. Ile tembe inayomfanya akojoe sana ameiacha makusudi. Insulini ameifunga vizuri ndani ya mkoba mkubwa, na mkoba umewekwa chini ya basi pamoja na mizigo mingine. Kufikia Namanga jua limewaka, foleni ni ndefu, na mama anatetemeka na kutokwa na jasho. Hakuna anayejua kwamba ana kisukari.

Mama huyu amekosea mara nne, na kila kosa lingeweza kuepukika. Dawa hazikai katika sehemu ya mizigo. Hukaa katika mkoba mdogo unaoushika mkononi, zikiwa katika pakiti zake zenye majina, pamoja na nakala ya karatasi ya daktari, ili afisa akiuliza uwe na jibu. Beba dawa za siku 2 au 3 zaidi, kwa kuwa basi linaweza kuharibika ukalazimika kulala usikotarajia. Insulini unayoitumia haihitaji barafu kwa safari ya siku moja, ila haitaki jua. Usiiweke dirishani wala karibu na injini. Ifunge katika kitambaa chenye unyevu, uiweke kivulini. Yeyote anayetumia dawa za kisukari awe na peremende, sukari au maji ya matunda mfukoni, na amwambie jirani yake wa kiti kuhusu hali yake.

Usiache dawa ya shinikizo la damu kwa sababu ya msala. Ikiwa ni ile inayokojoza, muulize daktari wako mapema kama unaweza kuimeza kwa saa nyingine siku hiyo. Kenya na Tanzania zinatumia saa moja, kwa hivyo wanaotumia dawa za kifafa, za kifua kikuu au za kupunguza makali ya virusi vya Ukimwi hawana haja ya kupiga hesabu mpya. Wameze saa ile ile waliyozoea, hata kama basi liko njiani. Mgonjwa wa pumu asitenganishwe kamwe na dawa yake ya kuvuta.

Jambo jingine ni miraa. Hapa kwetu ni halali. Tanzania, ambako huitwa mirungi, ni dawa ya kulevya iliyopigwa marufuku, na kukamatwa nayo ni kosa kubwa. Usiibebe hata kidogo, na usikubali kumbebea mtu kifurushi usichokijua.

Kichefuchefu na chakula

Baadhi ya watu, hasa watoto, hutapika wakiwa ndani ya gari. Hii hutokea kwa sababu macho yanaona kiti kilichotulia huku sehemu za ndani ya masikio zinazopima mwendo zikiuambia ubongo kwamba mwili unatikisika. Mwenye shida hii akae mbele, atazame mbali kupitia kioo cha mbele na asisome wala kutazama simu. Ale chakula chepesi, asisafiri na njaa wala na tumbo lililojaa mafuta. Ziko tembe zinazosaidia, ambazo humezwa saa 1 au 2 kabla ya kuondoka. Ukizimeza baada ya kuanza kutapika hazisaidii sana. Nyingi huleta usingizi, kwa hivyo dereva asiguse. Beba mifuko ya karatasi ya kutapikia. Mifuko ya plastiki ya kubebea bidhaa ilipigwa marufuku Kenya mwaka wa 2017 na Tanzania mwaka wa 2019.

Kuhusu chakula, sipendi kumnyima mtu mishkaki ya Arusha. Kanuni ni ile ile tunayoifuata hapa nyumbani. Kula kilichoiva na kutoka motoni mbele ya macho yako, matunda uliyoyamenya mwenyewe, na maji ya chupa iliyofungwa au yaliyochemshwa. Epuka kachumbari iliyokaa, maziwa yasiyochemshwa na nyama iliyopashwa moto juu juu. Kuna sumu za vijidudu ambazo humtapisha mtu saa chache tu baada ya kula, yaani akiwa bado ndani ya basi. Pakiti mbili za chumvi na sukari ya kuongezea maji mwilini hazichukui nafasi mkobani. Ukizikosa, changanya lita 1 ya maji safi, vijiko 6 vidogo vya sukari na nusu kijiko kidogo cha chumvi. Mtoto anayeharisha apewe kidogo kidogo, na akilegea au akishindwa kunywa apelekwe hospitalini.

Dereva naye ana mwili

Katika yote niliyoyataja, hakuna linalowaua wasafiri wenye afya kama ajali za barabarani. Hapa kuna hesabu ambayo kila mwenye kupanga safari ya siku moja anapaswa kuifanya. Uchunguzi umeonyesha kwamba mtu aliyekesha saa 17 mfululizo huchelewa kutenda na hukosa umakini sawa na mtu aliye na pombe ya asilimia 0.05 katika damu. Dereva aliyeamka saa tisa usiku ili awachukue saa kumi, ifikapo saa mbili usiku atakuwa ametimiza saa 17. Wakati huo ndipo basi lenu liko mahali fulani kati ya Namanga na Kajiado, gizani, kwenye barabara ambayo ng'ombe na wanyama wa porini huivuka, na abiria wote wamelala.

Kahawa haiwezi kulipa deni la usingizi. Wala miraa haiwezi. Humfanya mtu ajihisi yu macho, huku ubongo ukiendelea kuchoka, na dawa hiyo inapoisha nguvu usingizi humvamia kwa ghafla. Kinachosaidia ni mambo mawili: kuwa na madereva wawili wanaopokezana, au dereva mmoja apewe mahali pa kulala kwa saa kadhaa mchana wakati ninyi mkitembezwa mjini. Asigeuzwe kuwa mpiga picha na mbebaji mizigo. Ikiwa mwenye kampuni hawezi kuwahakikishia moja kati ya hayo, bei nafuu aliyowapa ni ghali mno.

Kila abiria afunge mkanda, hata wa viti vya nyuma, na mama mja mzito apitishe mkanda wa chini chini ya tumbo lake, juu ya nyonga, si juu ya mtoto. Na mkimuona dereva akipiga miayo, akipepesa macho au akitoka kwenye njia yake, semeni. Kufika nyumbani saa nane usiku mkiwa hai kunashinda haraka yoyote.

Kile kipimajoto cha mpakani

Tangu Desemba 2018 kituo cha Namanga kimekuwa cha pamoja, na msafiri huhudumiwa na maafisa wa nchi zote mbili katika jengo moja. Utaelekezewa kipimajoto kwenye paji la uso na kuulizwa maswali. Usikasirike, na usimeze dawa ya kushusha homa ili upite. Mnamo Julai 2024, mgonjwa wa kwanza wa mpox kutambuliwa nchini Kenya aligunduliwa katika kituo cha mpakani cha Taveta, akiwa msafiri wa kupita tu. Bila maafisa wa aina hiyo angepita, na tusingejua. Ikiwa una homa, unatapika au una vipele usivyovielewa siku ya safari, kaa nyumbani. Pesa zilizopotea hutafutwa tena.

Homa itakayokuja baada ya siku 7

Nimeliacha jambo hili mwisho kwa sababu ndilo linalosahaulika zaidi. Wakazi wengi wa Nairobi wamezaliwa na kukulia mahali palipo juu, ambako malaria ni haba, kwa hivyo miili yao haina kinga nayo. Arusha mjini nako ni juu, yapata meta 1,400, na mbu wa malaria si wengi. Lakini njia ni ndefu, matembezi mengine hushuka hadi maeneo ya chini kuelekea Moshi, na mbu hao huuma kuanzia jua linapozama, wakati mnaposimama njiani kula chakula cha jioni. Valia nguo za mikono mirefu na soksi ifikapo magharibi, na ujipake dawa ya kufukuza mbu. Kwa walio wengi hiyo inatosha. Mja mzito, mwenye mtoto mdogo au mtu ambaye wengu lake limeondolewa amuulize daktari kuhusu dawa za kinga.

Malaria haianzi kesho yake. Vimelea vikishaingia mwilini huenda kwanza kwenye ini, na huchukua angalau siku 7 kabla ya homa kuanza, na kwa wengi hufika majuma 2 au zaidi. Kufikia hapo safari imekwisha kusahaulika. Mtu ana homa, kichwa na viungo vinamuuma, ananunua tembe za maumivu na kusema ni mafua ya Nairobi. Anarudia dawa hizo siku 3 au 4. Malaria ile kali haingoji hivyo. Inaweza kumfikisha mtu asiye na kinga kwenye kupoteza fahamu kwa siku chache.

Kwa hivyo ukipata homa yoyote ndani ya mwezi mmoja tangu urudi, nenda zahanati upimwe damu siku hiyo hiyo. Na hata kama hukuulizwa, mwambie daktari maneno haya: "Nilikuwa Arusha tarehe fulani." Sentensi hiyo moja hubadilisha vipimo atakavyoagiza. Daktari aliye Nairobi hawezi kukisia kwamba ulivuka mpaka na kurudi kati ya alfajiri na usiku wa siku moja. Iandike tarehe ya safari kwenye kalenda ya ukutani kabla hujaisahau.

Kabla ya kulipa nauli

Muulize mwenye kupanga safari maswali haya matano. Je, madereva ni wangapi, na watalala wapi mchana? Basi litasimama wapi, na kila baada ya saa ngapi? Je, kila kiti kina mkanda? Kuna sanduku la huduma ya kwanza, na nani anajua kulitumia? Mtu akiugua upande wa pili wa mpaka, atapelekwa hospitali gani, na nani atalipa? Kuhusu hilo la mwisho, isome bima yako pia uone kama inakuhudumia nje ya Kenya.

Wewe nawe jiulize kama kadi yako imetimiza siku 10, kama dawa zako ziko mkobani, na kama usiku wa kuamkia safari utalala mapema. Ukiwa na majibu ya yote hayo, nenda, uuone Mlima Meru, ule, ucheke na uliochanga nao pesa. Kinga ni bora kuliko tiba, na kwa safari hii sehemu kubwa ya kinga hiyo hufanywa siku 10 kabla ya basi kuondoka.